Kabla hujaandika "abhor", jua lilikotoka

Juzi msomaji mmoja aliniandikia: "Dada, nimetumia neno la Kiingereza abhor mara mbili kwenye barua ya kuomba kazi. Rafiki yangu anasema ni hate, yaani kuchukia, tu lililovaa suti. Kweli?"

Si kweli. Na neno hili liliwahi kuniliza.

Nilipokuwa mgeni katika kazi ya kutafsiri, nililitumia kumwelezea mtu aliyechukia utesaji wa wafungwa. Mhariri akalikata kwa wino mwekundu, akasema mbele ya wenzangu kwamba napenda makuu, hate linatosha. Nilinyamaza, lakini kauli ile inanichoma hadi leo. Nikaenda kulifukua neno lenyewe.

Limetokana na Kilatini, abhorrere: ab ni "mbali na", horrere ni kusimama nywele, kutetemeka. Horror na horrible ni ndugu zake. Anayesema abhor anasema mwili umemsisimka, akarudi nyuma. Biblia ya King James ya 1611, katika Warumi 12:9, inalitumia kwa uovu wenyewe. Utesaji unastahili neno hilo. Nilikuwa sahihi!

Wenzake nao wana asili zao. Disgust, yaani kinyaa, limezaliwa na gustare, kuonja, ndiyo maana bado linanukia kinywa na tumbo. Detest, yaani kuchukia mno, lina testari ndani yake, kushuhudia: zamani ilikuwa kulaani huku ukiita mbingu zishuhudie. Hate hubeba chochote, kuanzia baridi ya asubuhi hadi vita.

Mwezi uliopita, kwenye usaili wa kazi kubwa ya tafsiri, niliulizwa nitofautishe maneno haya haya. Nikayaeleza moja moja kwa mizizi yake. Kazi nimepata, na najivunia.

Kwa hiyo, ndugu zangu mnaotaka Kiingereza cha kuheshimiwa, acheni kumeza orodha za visawe. Kamusi nzuri huweka asili ya neno, mara nyingi mwishoni kabisa, na wengi hufunga kabla ya kufika huko. Someni mpaka mwisho. Mizizi, jamani, mizizi! Mtu asikutishe kwa wino wake kama unajua neno lako limetoka wapi.

Nawe uliyeniandikia: pale unapoitaja rushwa, abhor ibaki. Pale unapotaja kuchelewa kazini, weka dislike, yaani kutopenda, kisha itume barua yako.