Anayechora sayansi anakula?

Dada, umeuliza kama mwanao anayesoma sanaa Makerere anaweza kupata riziki kwa kuchora mambo ya sayansi. Anaweza, ila kazi yenyewe si mkono tu, ni masikio. Mimi nilichora bango la kichocho, ugonjwa wa minyoo, kwa wavuvi wa Ziwa Albert: mduara safi wa maisha ya mnyoo, mishale, yai, konokono, lava (mnyoo mchanga), mtu. Daktari akasifu. Kule ufukweni mzee mmoja akaniuliza, "Huyu konokono mkubwa kama kobe mmemwona wapi? Hapa hatuna." Nikarudi mezani. Mara ya pili nikamchora kwa ukubwa wake halisi, amekaa juu ya ukucha wa kidole gumba, na pembeni miguu ya mvuvi majini, lava zikipenya ngozi isiyo na kidonda. Hapo wakaanza kubishana kuhusu vyoo, maana mayai hutoka na kinyesi, jambo ambalo mduara wangu ulikuwa umelificha kwa adabu.

Malipo huja kwa mradi, na huchelewa. Kwa hiyo asiache kazi nyingine ya mkono. Aende maabara na daftari, aombe kuchungulia hadubini.