Re: Mkopo wa nyumba wa milioni 50, nitarudisha ngapi?

Mkuu, umeuliza kama milioni 50 za nyumba hapo Ipuli, Tabora, riba asilimia 15 kwa miaka 15, maana yake utarudisha milioni 57 na nusu. Hapana. Hiyo 15 inatozwa kila mwaka juu ya deni lililobaki. Rejesho litakuwa kama 700,000 kwa mwezi; zidisha mara 180, unapata milioni 126. Yaani nyumba moja kwa bei ya mbili na nusu.

Panapouma zaidi ni mwanzoni. Mwezi wa kwanza 625,000 ni riba tupu, deni lenyewe linapungua 75,000 tu! Ukijibana ukalipa 807,000, unamaliza kwa miaka 10 na jumla inashuka hadi karibu milioni 97. Hela ya tumbaku au asali ikiingia, punguza deni mapema, ila uliza kwanza kama kuna faini ya kulipa kabla ya muda.

Bado ada ya mkopo, mthamini, bima, kusajili rehani. Mimi nilizisahau hizo, nikauza ng'ombe wawili. Omba jedwali la marejesho kabla hujasaini, na uulize kama riba inaweza kupanda njiani.