Ukitembezwa Firenze, uliza nani alilipa

Mgeni akifika Firenze, au Florence kama wengi tulivyozoea kuuita mji huu wa Italia, jambo la kwanza analoulizia ni tiketi za Uffizi, jumba kubwa la makumbusho ya picha. Mimi humwambia siku ya kwanza asinunue tiketi yoyote. Atafute mtu wa kumtembeza kwa miguu kwa muda wa saa mbili au tatu, nje, viwanjani na vichochoroni, na majumba ya makumbusho ayaache mpaka kesho yake. Nilikuja hapa kusoma, nikabaki kufanya kazi, na kila mwaka nasindikiza ndugu na marafiki kutoka Dar es Salaam, Mombasa, hata Muscat. Haya ninayoandika nimeyaona kwao na kwangu mwenyewe.

Nianze na kumchagua mwongozaji, maana hapo ndipo pesa za watu hupotea. Mara yangu ya kwanza nilijiunga na kundi la watu zaidi ya 40. Mwongozaji yuko mbele kabisa ameinua mwavuli, mimi niko nyuma na spika ya sikioni inayokwaruza. Alipokuwa akieleza milango ya shaba ya Nyumba ya Ubatizo, sisi wa nyuma tulikuwa bado hatujauona uwanja. Tulipofika mlangoni, sikioni alishaanza habari za mnara wa kengele. Nilirudi nyumbani na majina tele kichwani, nisijue lipi ni la jengo lipi. Kwa hiyo uliza kabla hujalipa: kundi lina watu wangapi? Wakizidi 15, tafuta kwingine. Uliza pia kama mwongozaji ana leseni. Italia kazi hii ina mtihani wake na kitambulisho chake, na aliye nacho haoni tabu kukuonyesha.

Kisha muulize mtapita njia gani. Akikutajia Kanisa Kuu, sanamu ya Daudi na daraja la Ponte Vecchio basi, huhitaji mtu. Hayo utayafikia mwenyewe kwa kufuata umati. Na huyo Daudi wa uwanjani ni nakala iliyosimamishwa mwaka 1910. Yule aliyechongwa na Michelangelo kati ya 1501 na 1504 aliingizwa jumba la Accademia tangu 1873. Lakini akikutajia Orsanmichele na Ospedale degli Innocenti, huyo mlipe. Zipo pia ziara zinazotangazwa kuwa za bure. Kijana anayekutembeza huko anaishi kwa bakshishi, na amesimama juani saa mbili kama wenzake. Mpe pesa ya maana.

Mengine ni madogo. Vaa raba, siyo viatu vipya, maana mji wote umetandikwa mawe makubwa na ukingo wa barabara ni mwembamba. Julai na Agosti chagua ziara ya asubuhi mapema. Saa sita mchana hata mwongozaji mwenyewe anatafuta kivuli. Mabega na magoti yafunikwe kama mtaingia kanisani, na kanga au mtandio mwepesi kwenye mkoba unatosha.

Sasa swali lenyewe. Waongozaji wengi huanza na nani alijenga na nani alichora. Brunelleschi, Ghiberti, Donatello, Ghirlandaio: likifika jina la nne mgeni ameshachoka na anaangalia simu. Mama mmoja aliyenitembeza mara yangu ya tatu alinifundisha njia nyingine. Kila tuliposimama aliuliza kwanza: nani alilipa hapa, na alitaka aonekane na nani? Tangu siku hiyo sijaacha kuliuliza, na nakuomba na wewe umuulize mwongozaji wako hivyo hivyo, kila mnaposimama. Mzuri atafurahi sana.

Anza nalo pale uwanjani mwa Kanisa Kuu. Mji huu ulitajirika kwa nguo na benki. Tangu 1252 ulipiga sarafu ya dhahabu, florini, ikapokelewa masoko ya Ulaya na ya Mediterania. Wafanyabiashara na mafundi walikuwa na vyama vyao, na ndivyo vilivyokuwa na sauti serikalini. Chama cha wafanyabiashara wa nguo za nje, Calimala, kilisimamia Nyumba ya Ubatizo na kulipia milango ile ya shaba. Chama cha watu wa sufu kilipewa dhamana ya ujenzi wa Kanisa Kuu mwaka 1331. Nembo yao ni mwanakondoo aliyebeba bendera. Ukishaonyeshwa mara moja, utaanza kumwona huyo mwanakondoo kwenye kuta mwenyewe, na utafurahi kama mtoto aliyejua kusoma.

Kwenye kuba usikubali kuambiwa tu kwamba ni kubwa. Mwombe mwongozaji akueleze tatizo lilikuwa nini. Kanisa lilianzwa 1296, na lilipofika juu liliachwa na tundu la upana wa kama mita 45, na hapakuwa na mbao za kutosha kutengeneza kiunzi cha kushikilia tofali mpaka chokaa ikauke. Brunelleschi alianza kazi 1420 bila kiunzi hicho. Alijenga kuba mbili, moja ndani ya nyingine, na katikati ya safu za tofali zilizolala aliweka tofali zilizosimama, kwa mpangilio unaofanana na mifupa ya samaki, ili kila safu ijishikilie yenyewe kabla haijafunga duara. Tofali zilipita milioni nne, na 1436 kanisa likawekwa wakfu. Mpe mwongozaji dakika kumi za hapo, na mwambie akuchoree kwa kidole hewani tofali zinavyokaa. Ukiwahi kumwona fundi wa kwetu akijenga tao la mlango, hapo utaelewa kuliko profesa. Ukizunguka nyuma ya kanisa, tazama chini: kuna duara la marumaru nyeupe kwenye sakafu ya uwanja. Hapo ndipo lilipoangukia tufe kubwa la shaba la juu ya kuba, lilipopigwa na radi mwanzoni mwa miaka ya 1600.

Orsanmichele watu wengi hupita bila kusimama, nami hapo ndipo ninaposimama zaidi. Ni jengo la mraba kati ya Kanisa Kuu na Piazza della Signoria. Lilikuwa soko la nafaka, ghala likiwa ghorofani. Ukiingia ndani bado utaona kwenye nguzo matundu yaliyopitishia nafaka kutoka juu. Baadaye chini pakawa kanisa, na kila chama kikapewa kidirisha cha ukuta wa nje kuweka sanamu ya mtakatifu wake, palepale wateja na wapinzani wanapopita. Sasa sikiliza. Calimala walimwagiza Ghiberti sanamu ya Yohana Mbatizaji ya shaba, na shaba ilikuwa ghali mara nyingi kuliko marumaru. Watu wa benki wakaona haya kupitwa. Walipoagiza Mathayo wao mwaka 1419 waliandika kwenye mkataba kwamba asiwe mdogo kuliko Yohana wa Calimala. Watu wa sufu waliokuwa na sanamu ya marumaru wakaiondoa, wakaweka Stefano wa shaba. Ushindani huu wa mtaani ndio uliowapa kazi mafundi ambao leo dunia nzima inawasoma.

Sogea uangalie miguu ya Marko, kazi ya Donatello kwa chama cha wauza kitani. Hakusimama juu ya jiwe. Amesimama juu ya mto wa kulalia, umebonyea kabisa chini ya nyayo zake. Wauza kitani walitaka kila mpita njia aione bidhaa yao. Kisha tafuta kidirisha cha maseremala na waashi, chenye watakatifu wanne wa Nanni di Banco wamesimama kama wanaoteta jambo. Wengi huishia kwenye nyuso. Wewe inama. Chini yao wamechongwa mafundi kazini: mmoja anajenga ukuta, mmoja anatoboa nguzo kwa keke, mmoja anapima kwa bikari, mmoja anachonga mtoto wa jiwe. Baba yangu alikuwa mwashi, na mahali hapa sipiti bila kusimama. Sanamu za nje siku hizi ni nakala, nyingi za asili zimehifadhiwa ghorofani humo humo, lakini barabarani ndipo unapoelewa ziliwekwa kwa ajili ya nani.

Palazzo Medici iko dakika chache kutoka Kanisa Kuu, na wale wa Lamu na Unguja wataifurahia kabla mwongozaji hajafungua mdomo. Chini ya ukuta wa nje limepita benchi refu la jiwe. Ni baraza! Cosimo, mkuu wa Medici, familia ya benki iliyoutawala mji huu, alianza kujenga nyumba hiyo 1444, na waliokuwa na haja naye walikaa hapo wakisubiri kuitwa, kama wanavyokaa watu barazani kwa mzee mwenye nyumba kubwa. Keti. Ndani kuna kanisa dogo la familia lililochorwa na Benozzo Gozzoli mwaka 1459: msafara wa Mamajusi, na kati ya waenda kwa miguu yumo kijana mweusi mwenye upinde. Hilo liweke la siku nyingine, linataka tiketi.

Na mkipita Santa Maria Novella, uliza habari za twiga. Mwezi Novemba 1487 Sultani Qaitbay wa Misri alimletea Lorenzo wa Medici twiga hai, na mji mzima ulitoka kumwona. Ghirlandaio alikuwa akichora kuta za kanisa hilo miaka hiyo hiyo, na twiga akaingia kwenye picha ya Mamajusi, mdogo, kwa mbali mlimani. Watoto ninaowasindikiza humwona kabla ya wakubwa.

Ospedale degli Innocenti ndiyo ninayotaka usiikose. Ni nyumba ya kulelea watoto waliotupwa, ya kwanza kujengwa na Brunelleschi kwa mtindo wake mpya wa matao mepesi, kuanzia 1419. Aliyelipa? Chama cha watu wa hariri, na kabla yao mfanyabiashara Francesco Datini wa Prato, aliyeacha wosia wa florini 1,000. Mtoto wa kwanza alipokelewa tarehe 5 Februari 1445, wa kike, akaitwa Agata Smeralda. Juu ya nguzo utaona watoto wa udongo wa Andrea della Robbia, weupe juu ya samawati, wamefungwa vitambaa. Mwongozaji akikwambia habari za huruma ya matajiri, mkubalie, kisha muulize watoto hao mama zao walikuwa nani. Tangu 1363 sheria ya Firenze iliruhusu kuingiza watumwa wasio Wakristo, wengi wao wakitoka pande za Bahari Nyeusi, na miongoni mwa watoto wa mwanzo walioachwa hapa wengi walizaliwa na watumwa wa kike wa majumbani. Sisi tuliokulia pwani tunajua habari kama hizo hazipotei kwa kutotajwa.

Humo ndani, jumba la makumbusho ya nyumba hiyo limetunza vitu ambavyo mama waliacha na watoto wao: ushanga, kifungo, medali iliyokatwa katikati. Nusu anakuja nayo mtoto, nusu anabaki nayo mama, ili siku akirudi zioanishwe. Dirisha la kupokelea watoto lilifungwa 1875. Hii ndiyo tiketi pekee ninayoiruhusu siku ya kwanza.

Ponte Vecchio mtaipita tu. Jueni kwamba ni ya 1345, kwamba wauza nyama waliondolewa 1593 kwa amri ya Ferdinando wa Medici wakawekwa masonara, na kwamba Agosti 1944 Wajerumani walilipua madaraja mengine yote ya mji wakaliacha hilo.

Badala ya kupiga picha mia darajani, mwombe mwongozaji awafikishe kona ya Via dei Neri na Via San Remigio. Ukutani kuna kibao cha zamani cha mafuriko ya mto Arno ya tarehe 4 Novemba 1333: mkono umechongwa, kidole kinaonyesha mawimbi yalipofika. Juu yake kuna kibao kingine, cha tarehe hiyo hiyo ya 4 Novemba, mwaka 1966. Nyoosha mkono wako. Vyote viwili viko juu kuliko unavyoweza kufika. Nimewahi kusimama hapo na shangazi kutoka Rufiji, akanyamaza muda mrefu, kisha akaanza kumweleza mwongozaji mafuriko ya kwao, nikawa mkalimani. Yule mwongozaji alifunga daftari lake akamsikiliza.

Mkiagana, kanywe kahawa umesimama kaunta, ni rahisi kuliko ya mezani, na uandike usiku huo huo mambo matatu uliyoyaona kwa macho yako. Kesho yake nenda Bargello, jumba la makumbusho ya sanamu. Kuna vipande viwili vya shaba vimewekwa pamoja, vya mashindano ya 1401, Calimala walipokuwa wanatafuta fundi wa milango yao. Vyote vinaonyesha Ibrahimu akiinua kisu juu ya mwanawe. Kimoja ni cha Brunelleschi, kingine ni cha Ghiberti aliyepewa kazi, na hicho cha Ghiberti kilitumia shaba pungufu. Usisome maandishi kwanza. Simama mbele yake kama vile pesa ni yako, uamue ungemwajiri nani.