Maswali yenu: Charlie Kirk, hema lake na kazi ya kubishana vyuoni

Wiki mbili zilizopita niliandika humu, kwa kupitia tu, kwamba Charlie Kirk alifahamika vyuoni Marekani kuliko maprofesa wengi, ilhali yeye mwenyewe hakuwa na digrii. Sentensi moja! Tangu hapo simu yangu haijalala. Nimechambua maswali machache. Yale ya matusi nimeyaacha huko huko yalikotoka.

Shikamoo. Mimi jina hilo nililisikia siku alipouawa. Alikuwa nani, na aliingiaje kwenye mambo hayo? (Msomaji, Morogoro)

Marahaba. Ni mtoto wa vitongoji vya Chicago, alizaliwa Oktoba 14, 1993. Akiwa bado sekondari aliandika makala kwenye Breitbart, tovuti ya kihafidhina, akilalamika kwamba vitabu vya uchumi vya shule vinaegemea mrengo wa kushoto. Makala ya mwanafunzi, lakini ilimfikisha kwenye runinga ya Fox Business. Muda si mrefu akaalikwa kuzungumza na vijana Chuo Kikuu cha Benedictine, na huko akaonwa na mstaafu mmoja, Bill Montgomery, aliyekwishapita miaka 70. Mzee yule ndiye aliyemshawishi aachane na habari za chuo, waanzishe jumuiya ya vijana wahafidhina, yaani wa mrengo wa kulia. Juni 2012, Kirk ana miaka 18, Turning Point USA ikazaliwa. Chuo alikigusa kwa ncha ya kidole tu: West Point, chuo cha kijeshi, walimkataa, Harper College alikaa muda mfupi akaondoka.

Sehemu ninayoipenda ni ya Agosti mwaka huohuo. Chama cha Republican kilikuwa na mkutano mkuu Tampa, Florida. Kirk akapishana kwenye ngazi na mwekezaji tajiri, Foster Friess. Akamtambua kwa sura, akamsimamisha, akamweleza pale pale ngazini anachotaka kufanya. Friess akatoa hundi. Wengi husema kipaji cha kijana yule kilikuwa kwenye kubishana. Mimi nasema kilikuwa pale kwenye ngazi.

Mengine yalifuata: podikasti, kipindi cha redio, ukaribu na familia ya Trump. Septemba 10, 2025 alipigwa risasi akiwa chini ya hema lake katika Chuo Kikuu cha Utah Valley, mjini Orem, mbele ya watu wapatao 3,000. Wakati huo alikuwa akijibu swali kuhusu mashambulizi ya bunduki, hebu fikiria. Alikuwa na miaka 31. Ameacha mjane, Erika, na watoto wawili. Kijana wa miaka 22 alikamatwa na kushtakiwa kwa mauaji hayo.

Mwandishi, mtu anakaa chini ya hema anabishana na watoto wa chuo, halafu hiyo inakuwa kazi? Nani analipa? (Dereva wa bodaboda, Mbagala)

Kaka, ningepanga maswali kwa uzito, lako lingekuwa la kwanza.

Kwanza uone tukio lenyewe. Hema jeupe limesimikwa kwenye uwanja wa chuo, mahali wanafunzi wanapopita kwenda madarasani. Juu yake kuna maneno ya Kiingereza yenye maana ya "Nithibitishie kwamba nimekosea". Kirk amekaa, maiki mkononi, anarushia umati kofia za bure. Mbele yake foleni. Mwanafunzi anafikiwa na zamu yake, anasimama kwenye maiki ya pili, magoti yanamcheza. Ana miaka 19, swali lake amelifikiria tangu jana usiku. Aliyekaa mbele yake amekwishalisikia swali hilo mara mamia, na jibu lake amelinoa katika chuo baada ya chuo. Wanavutana dakika tatu, nne. Umati unashangilia au unazomea. Mwanafunzi anaondoka akidhani yamekwisha.

Kumbe ndiyo kwanza yanaanza. Klipu inakatwa, inawekwa kichwa cha habari kwamba fulani "kasambaratishwa", inapandishwa mtandaoni. Pale uwanjani walikuwapo mia chache au elfu chache. Kwenye simu wanatazama mamilioni, na wengi wao hawajawahi kukanyaga chuo hicho. Hao ndio wasikilizaji wake. Wanafunzi ni kama wale wanaokodishwa kucheza kwenye video ya bongo fleva, tofauti ni kwamba hawa hawalipwi.

Mlipaji sasa. Turning Point USA imesajiliwa kama taasisi isiyotafuta faida, makao yake Phoenix, Arizona. Inaishi kwa michango: ya wakubwa wa aina ya Friess, na ya wastaafu wanaotuma dola 20 wakiamini wajukuu wao wanapotoshwa vyuoni. Mapato yake mwaka 2024 yalivuka dola milioni 80. Ongeza matangazo ya podikasti, redio na vitabu. Bibi wa Texas anayetuma dola zake 20 hawezi kwenda chuo cha Berkeley, California, kuhakikisha kama mambo ni mabaya kiasi hicho. Anachoweza kuona ni ile klipu, na klipu ya mwanafunzi aliyejibu vizuri haitafika kwake.

Septemba 2024 kulikuwa na onyesho jingine mtandaoni, Kirk kaketi katikati ya duara la wanafunzi 25 wa mrengo wa kushoto. Anayetaka kubishana anakimbilia kiti kilicho mbele yake, na wenzake wakiona amezidiwa wananyanyua vibendera vyekundu, anatoka, anaingia mwingine. Nilitazama yote, nakiri. Mijadala nimeisahau, lakini vile vibendera ninavyo kichwani mpaka leo: vijana wanamtoa mwenzao kabla hajamaliza sentensi, na mgeni wao anakunywa maji.

Je, yeye ndiye wa kwanza? (Mwalimu, Kakamega)

La hasha, mwalimu. Wa kwanza kuifanya kazi hii ikawa kazi ni William F. Buckley Jr., mwandishi wa kihafidhina, na miaka yake ni ya mbali.

Buckley alikuwa mtoto wa tajiri wa mafuta, akahitimu Chuo Kikuu cha Yale mwaka 1950. Mwaka uliofuata, akiwa na miaka 25, akatoa kitabu cha kuishambulia Yale hiyohiyo, *God and Man at Yale*. Hoja yake: maprofesa wanaidharau dini na kuupigia debe ujamaa, na dawa ni wahitimu wa zamani, wale wanaokichangia chuo fedha, wawe na kauli juu ya kinachofundishwa. Soma tena hapo mwalimu. Kitabu kinahusu wanafunzi, lakini kimeelekezwa kwa wenye pochi. Kirk na ile ngazi ya Tampa wametoka hapo.

Mwaka 1955 akaanzisha jarida la National Review. Septemba 1960 vijana wapatao 100 wakakusanyika nyumbani kwao Buckley, Sharon, Connecticut, wakaunda Young Americans for Freedom. Kuanzia 1966 hadi 1999 akawa na kipindi chake cha runinga, Firing Line, zaidi ya vipindi 1,500. Mtu anayekaa kwenye kiti amejinyoosha nusu kulala, kalamu mdomoni, anatumia maneno ambayo wageni wake wanaogopa kuuliza maana yake.

Tofauti yake na Kirk naiona Cambridge. Februari 1965 Buckley alikwenda kwenye ukumbi wa mdahalo wa wanafunzi wa Cambridge, Uingereza, kupambana na mwandishi James Baldwin. Mada: kama ndoto ya Marekani imejengwa kwa gharama ya mtu mweusi. Baldwin alipomaliza, ukumbi mzima ulisimama kumpigia makofi. Kisha Buckley, mtu wa maneno yote yale, akalazimika kuinuka na kuzungumza baada ya hapo. Kura zikahesabiwa: 544 kwa Baldwin, 164 kwake. Matokeo hayo aliyapokea hadharani, na yamebaki kwenye kumbukumbu na jina lake.

Kirk naye alifika Cambridge na Oxford, Mei 2025, na kuna wanafunzi waliombana vizuri tu. Ila sasa kila upande ulikuwa na klipu zake. Wafuasi wake waliona ameshinda, wapinzani wake waliona ameaibishwa, kila mtu kwenye simu yake. Ile kazi ya kuhesabu 544 na 164 imekosa mtu.

Hao wabishani wa vyuoni wote ni watu wasiosoma? (Bila jina)

Hapana. Ben Shapiro aliingia chuo cha UCLA akiwa na miaka 16, akaenda kusomea sheria Harvard. Ann Coulter ni wa Cornell, Dinesh D'Souza wa Dartmouth, wote watatu wasemaji maarufu wa mrengo wa kulia. Ukimlinganisha na hao watatu, Kirk ndiye asiye na digrii.

Nasoma uandishi wa habari, mwaka wa pili. Mtu anapandaje ngazi ya kazi kama hiyo kule? (Mwanafunzi, Mwanza)

Mwanangu, kule ngazi imejengwa, watu hawapandi kwa bahati. Zamani ilianzia kwenye gazeti la wanafunzi linalojitegemea. Dartmouth Review ilianza 1980; D'Souza aliwahi kuwa mhariri wake, na Laura Ingraham wa Fox pia. Coulter alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa gazeti la aina hiyo pale Cornell. Halafu kuna Leadership Institute, iliyopo tangu 1979, inayofundisha vijana kampeni na namna ya kukaa mbele ya kamera. Taasisi hiyo ndiyo inayoendesha Campus Reform, chombo cha habari kinacholipa wanafunzi waripoti vituko vya mrengo wa kushoto katika vyuo vyao. Unaanza na habari ya profesa wako, video yake inasambaa, runinga inakupigia.

Utaona kasoro ya mafunzo hayo bila mimi kukuambia: ukilipwa kutafuta vituko, siku isiyo na kituko huna habari.

Unamremba sana. Alikuwa mbaguzi, kwa nini husemi? (Msomaji wa kike, Mombasa)

Dada, nasema. Desemba 2023, kwenye mkutano wa taasisi yake mwenyewe, alimkandia Martin Luther King na kudai kwamba kupitisha Sheria ya Haki za Kiraia ya 1964 lilikuwa kosa. Mwezi uliofuata akasema hadharani kwamba akimwona rubani mweusi anajiuliza kama kweli ana sifa za kazi hiyo. Novemba 2016 taasisi yake ilifungua orodha ya maprofesa wa kuwachunga mtandaoni, majina na picha, na baadhi yao waliishia kupokea vitisho. Mtu anayedai anataka mjadala halafu anaweka orodha ya walimu, mimi sijaweza kuvipatanisha hivyo viwili.

Wala kushoto hawakuwa maadui wake peke yao. Mwaka 2019 foleni ya maswali ilivamiwa na vijana wa kulia zaidi yake, wafuasi wa Nick Fuentes, waliomwona amelainika kuhusu Israel na uhamiaji. Novemba ile, pale UCLA, Donald Trump Jr. alizomewa na hao hao kwa sababu maswali yalifutwa. Ukifungua maiki kwa kila mtu, kila mtu huja.

Kumwua, hata hivyo, ni kumwua. Katika hilo sina "lakini".

Na vyuo je? Si kweli kwamba vinawanyima wahafidhina nafasi ya kusema? (Mchungaji, Eldoret)

Bwana asifiwe, mchungaji. Kuna ukweli. Maprofesa wa Marekani wengi ni wa kushoto, hilo halina ubishi mkubwa. Februari 2017 Berkeley palichomwa moto ili kumzuia Milo Yiannopoulos, mchokozi wa mrengo wa kulia, asizungumze. Uharibifu ulifika dola 100,000 hivi. Mwezi uliofuata, katika chuo cha Middlebury, profesa aliyekuwa akimsindikiza Charles Murray, mwandishi wa mrengo wa kulia, aliumizwa shingo na waandamanaji, na yule profesa mwenyewe hakukubaliana na Murray! Septemba Shapiro akaenda Berkeley, ulinzi ukagharimu takriban dola 600,000.

Sasa piga hesabu upande wa pili. Baada ya usiku ule Shapiro alipungukiwa nini? Anayezuiwa kuongea chuoni ana habari ya kusimulia mwaka mzima. Nilipokuwa chuo, nilisimama kumwuliza mgeni rasmi swali, maiki ikazimwa. Hakuna aliyenirekodi, kwa hiyo swali langu lilifia pale pale. Mimi sikuwa na wafadhili.

Mdogo wangu, mwanangu wa pili yuko chuo huku Iowa. Kirk hayupo ila hao watu wake bado wanazunguka, na mtoto anasema atapanga foleni akawaulize kuhusu sisi wahamiaji. Ninaogopa. (Mama, Des Moines)

Pole na hofu, dada yangu. Ni kweli wanaendelea. Erika ndiye anaiongoza taasisi sasa, na ziara zile hazikufutwa. Oktoba 29, 2025 Makamu wa Rais JD Vance mwenyewe alisimama Chuo Kikuu cha Mississippi akapokea maswali, na binti mmoja mwenye asili ya India akambana kuhusu uhamiaji na dini ya mkewe. Binti yule hakusambaratika.

Usimkataze, ataenda tu. Mwambie awe na swali moja, fupi, analoweza kulisema bila karatasi. Akiulizwa swali badala ya kujibiwa, arudie lake kwa upole, maana huo ndio mchezo wao mkubwa. Takwimu asiyoijua asiibishie wala asiikubali, aulize imetoka wapi. Na rafiki yake asimame pembeni arekodi kwa simu, tangu mtoto anaposhika maiki mpaka anapoiachia, bila kukata. Simu iwe na chaji.