Nyumba kaandikwa mdogo wa mume: mimi nilikuwa huyo mdogo mtu

Dada, umeuliza kama nyumba mliyoijenga ndani ya ndoa, ambayo mumeo kaiandikisha kwa jina la mdogo wake, ndiyo imekwenda. Wengi wanaokujibu wamewahi kuwa upande wako au upande wa mumeo. Mimi nilikuwa huyo mdogo mtu.

Kaka aliniambia, "Nisaidie jina tu." Nikasaini, sikutoa hata senti. Miaka ikapita, ndoa yake ikavunjika, mkewe akafungua shauri la mgawanyo wa mali, nami nikaletewa wito wa mahakama.

Hakikisha wakili wako anamuunganisha shemeji yako kwenye kesi. Ukimshtaki mume peke yake unaweza kushinda, kisha hukumu ikagota kwenye hati ya mtu ambaye hakusikilizwa. Na omba zuio mapema, kabla hawajauza. Nchi nyingi humlinda mnunuzi aliyelipa kwa nia njema bila kujua ugomvi wenu. Ukikuta keshaandikishwa, utabaki kufukuzia fedha.

Sasa hiyo hati. Ni ushahidi mzito, lakini haimalizi maneno. Kwenye nchi zilizorithi sheria za Kiingereza, mtu akilipia mali ikaandikwa jina la mwingine, mwenye jina huweza kuhesabiwa kuwa kashika amana tu, isipokuwa ionekane alipewa zawadi. Kwa hiyo tarajia neno "zawadi". Nasi tulijitetea hivyo hivyo.

Wakili wa shemeji yangu, yule mke wa kaka, hakunipigia kelele. Aliniuliza mshahara wangu wa mwaka ule, akauweka kando ya bei ya kiwanja. Fundi aliyepaua anaitwa nani? Sikujua. Wapangaji wanamlipa nani? Kaka. Kodi ya jengo nimelipa mara ngapi? Sijawahi. Hati iko wapi? Kabatini kwa kaka. Mtu aliyepewa zawadi ya nyumba hajui hata ina vyumba vingapi! Jasho lilinitoka, na hakuwa amefika hata kwenye taarifa za benki.

Basi hayo ndiyo ya kukusanya: miamala, risiti za vifaa, ujumbe wa simu, majina ya mafundi, wapangaji walio tayari kusema. Na mchango wako si fedha peke yake. Tanzania, Mahakama ya Rufani iliamua mwaka 1983, katika kesi ya Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu, kwamba kazi za nyumbani za mke nazo ni mchango katika mali ya ndoa. Ila hilo linasaidia kwenye kugawana. Kwanza uthibitishe kwamba nyumba ni ya mumeo na si ya shemeji.

Wakikwambia imeandikwa jina la kampuni, usife moyo pia. Uingereza mwaka 2013, kwenye kesi ya Prest na Petrodel, nyumba 7 zilikuwa za kampuni za mume. Mahakama ya Juu ilikataa kuzipuuza kampuni kwa sababu ya ndoa tu, lakini ikaona zimezishika nyumba hizo kwa niaba yake. Kilichomponza ni kugoma kueleza fedha zilitoka wapi.

Ujiulize pia kwa nini jina lilifichwa. Kama nia ilikuwa kukwepa kodi au wadai, nawe ulijua, mweleze wakili wako wazi. India ina sheria ya mwaka 1988, ikakazwa 2016, ambayo serikali inaweza kutaifisha mali iliyofichwa kwa jina la mwingine. Mnaweza kukosa wote.

Kesi ilipokaribia, kaka aliniletea mkataba wenye tarehe ya nyuma, eti tuoneshe nilimrudishia gharama. Nikakataa. Kusema uongo chini ya kiapo ni jinai, na aliyekuwa anaapa ni mimi. Mpaka leo salamu zetu ni za msibani tu. Mahakama iliniamuru kusaini uhamisho, nikasaini. Nauli za miaka yote ile nimezimeza mwenyewe.

Kabla hujafungua shauri, tuma mtu mzima anayeheshimika akazungumze na shemeji yako. Shemeji yangu hakunitafuta hata mara moja. Angenitafuta, ningemwambia ukweli siku hiyo hiyo.