Nyumba zetu za kaunti zitabomolewa: je, tutarudi?

SWALI: Bwana Mhariri, tunaishi katika nyumba za zamani za baraza la manispaa hapa Malindi, ambazo sasa ni za kaunti. Tumeambiwa mkutanoni kwamba zitabomolewa zijengwe ghorofa, na kwamba sisi tutapewa nafasi ya kwanza ya kurudi. Mama mkwe wangu, mjane anayeuza mahamri, anataka tutie sahihi upesi. Je, ahadi hiyo yatosha?
Mpangaji, Malindi

JIBU: Dada yangu, haitoshi. Ahadi hiyo haisemi kama mtarudi mkiwa wapangaji au wanunuzi, na hapo ndipo penye shida yote, kwa sababu aliyezoea kulipa kodi ndogo ya kaunti aweza kupewa nafasi ya kwanza ya kununua nyumba asiyoimudu hata kidogo.

Tazameni ya wenzenu. Huko Buxton, Mombasa, nyumba 520 za kaunti ziliondolewa ili pajengwe zaidi ya 1,800. Pangani, Nairobi, palikuwa na familia 48 tu, na mradi ukapangiwa nyumba zaidi ya 1,500. Wingi huo ni kheri, lakini mjenzi hurudisha fedha zake kwa kuuza. Wapangaji wa Pangani walipewa shilingi 600,000 kila mmoja za kujipangia kwingine wakati wa ujenzi; nanyi ulizeni mtapewa kiasi gani, na ujenzi ukichelewa, ni nani atakayeendelea kuwalipia kodi.

Ibara ya 35 ya Katiba humpa kila raia haki ya kupata taarifa zilizo mikononi mwa serikali, na sheria ya mwaka 2016 inaitaka ofisi ijibu ndani ya siku 21. Basi iandikieni kaunti, mwombe mkataba wake na mjenzi. Ombeni pia ijulikane ni nyumba ngapi zitakuwa za jamii, kwani Sheria ya Nyumba za Bei Nafuu ya 2024 imezitenga kwa wenye kipato cha chini ya shilingi 20,000 kwa mwezi, na nadhani mama mkwe wako ni miongoni mwao. Mkinyimwa haki, Mahakama ya Mazingira na Ardhi ipo papo hapo Malindi.

Lililo la haraka zaidi ni jina. Ikiwa nyumba ya mama ingali imeandikwa kwa jina la marehemu mumewe, ombeni ibadilishwe kabla ya wapangaji kuhesabiwa, na risiti za kodi, hata zile za enzi ya manispaa, msizitupe.