Mdogo wangu anasema wenzake wanataka kumtosa ziwani

SWALI: Shikamoo mama. Naandika kutoka Igombe. Mdogo wangu ana miaka 22, ni mvuvi wa dagaa. Bangi alianza akiwa kidato cha pili, na sigara hazimkauki mdomoni. Tangu mwezi uliopita anasema wenzake wa mtumbwini wamepanga kumtosa, na usiku anasikia akiitwa jina kutoka ziwani. Chakula cha nyumbani anakinusa kwanza. Mama ameona kwamba giza likiingia anazidi, mbalamwezi ikija anapoa kidogo, kwa hiyo anaamini ni majini na anataka tumpeleke kwa mganga. Mjomba anasema tumfunge kamba mpaka bangi imtoke. Mimi pia niliwahi kuvuta, haya hayakunipata. Tufanyeje, na je, atarudi ziwani?
Kaka mtu, Igombe

JIBU: Marahaba mwanangu. Mama yako ameona vizuri, na naomba umwambie hivyo kabla hujamwambia lolote lingine. Dagaa huvuliwa gizani, kwa taa. Wiki za giza, mwezi usipoonekana, mdogo wako anakesha, mchana anasinzia vipande vipande, na ili baridi na usingizi visimshinde anavuta zaidi. Mbalamwezi ikiwaka mitumbwi inapumzika, naye analala. Kukesha siku nyingi, hata bila bangi, kunaweza kumfanya mtu asikie yasiyokuwepo. Ongeza bangi ya kila siku, hapo ndipo mlipofika. Muulize kwa upole kama anatafuna na mirungi, kwa sababu nayo hufukuza usingizi na kuchochea hofu.

Kwenye ubongo kuna kemikali iitwayo dopamini. Hiyo ndiyo inayotuambia jambo gani ni la kuangaliwa na lipi tulipuuze. Bangi ikiivuruga, hakuna kinachopuuzwa tena. Mwenzake akikohoa, ni ishara. Wawili wakinong'ona, wanamsema yeye. Nilipokuwa muuguzi wodini, kijana mmoja alikataa uji kwa sababu aliniona nimeukoroga mara mbili. Hakuwa anadeka. Kwake sumu ilikuwa mle ndani kweli, na jasho lilikuwa likimtoka. Kwa hiyo msimcheke, wala msibishane naye. Msimwambie pia kwamba nanyi mnazisikia hizo sauti. Mwambie, "Mimi sisikii, lakini naona unaogopa, niko hapa."

Wewe hayakukupata kwa sababu bangi haiwashiki watu sawa. Hatari huwa kubwa kwa aliyeanza akiwa mdogo, anayevuta kila siku, anayevuta kali, na mwenye ndugu wa damu aliyewahi kuugua akili. Kidato cha pili ubongo bado unajengwa, na haumalizi mpaka karibu miaka 25. Ulizeni upande wa baba na wa mama, bila aibu, maana daktari atataka kujua.

Kamba hapana. Inaumiza, na inamthibitishia kwamba kweli mnamtaka mabaya. Mama akitaka kumwombea, amwombee, lakini mwende hospitali wiki hii. Hapo Mwanza, hospitali ya Sekou Toure wanapokea, na ya Bugando kuna idara ya magonjwa ya akili. Mseme ukweli wote kuhusu bangi. Daktari anauliza ili atibu, si ili amkamatishe. Wampime na malaria na mengine, kwa sababu homa kali nayo huleta mauzauza. Kabla ya hapo asipande mtumbwi, na panga na visu viwekwe mbali. Akisema sauti zinamwamuru ajidhuru au amdhuru mtu, msisubiri kesho.

Sasa sigara, jambo ambalo ndugu wengi hawalitaji kwa daktari. Moshi wa tumbaku hulifanya ini livunje haraka baadhi ya dawa za akili, olanzapini ikiwa mojawapo. Mvutaji anaweza kumeza dozi ya kawaida isimtoshe, mkasema dawa haifanyi kazi. Akiacha sigara ghafla, dozi ileile inaweza kumzidi, alale kutwa na mate yamtoke. Semeni anavuta ngapi kwa siku, na akipunguza semeni pia.

Kama anakunywa gongo kila siku, msimkatishe ghafla nyumbani. Ndani ya siku tatu za kwanza mwili unaweza kutetemeka, akaona wadudu ukutani, akapata degedege. Hiyo ni dharura, na inaweza kuua.

Kuhusu kurudi ziwani. Kama ni bangi peke yake, akiiacha sauti nyingi hupungua ndani ya siku au wiki chache. Zikiendelea zaidi ya mwezi bila bangi, huenda kuna ugonjwa mwingine ambao bangi iliuamsha, nao unatibika, ila dawa itakuwa ya muda mrefu na asiikatize kwa kuwa amepata nafuu. Kwa vyovyote vile, sitaki arudi kwenye kazi ya kukesha upesi. Zungumza na tajiri wa mtumbwi kabla giza lijalo halijaanza, umuombe amweke mchana kwenye kuanika au kupakia. Kipato kitapungua, najua, na ninyi wengine mtabeba. Lakini alale usiku, nyumbani, mlango mkiwa mmefunga wenyewe akiona.